Nenda Ukalione Shamba, Kisha Jibu

Miezi miwili kama ofisa atakwenda mwenyewe kulitazama shamba, au miezi mitatu kama ataagiza picha za setilaiti. Hivyo ndivyo zinavyomalizika hukumu nyingi za Mahakama Kuu ya Kerala, kusini-magharibi mwa India, katika kesi za watu wanaodai jambo moja tu: kujibiwa. Mwenye ardhi ameomba kiwanja chake kiondolewe katika orodha ya mabonde ya mpunga. Ofisa amekaa kimya, au amekataa kwa sentensi mbili bila kukanyaga mahali penyewe. Mwombaji anakwenda mahakamani Kochi. Jaji hasemi kama ardhi hiyo ni kavu au ni ya maji. Anasema ofisa aliyepewa kazi hiyo na sheria aifanye, aifanye kwa macho yake, na aimalize ndani ya muda uliotajwa.

Hukumu hizi zinafanana mno. Kinachobadilika ni jina la kijiji, namba ya kiwanja na tarehe ya maombi. Jaji C.S. Dias peke yake amezitoa kwa wingi, nyingi zikiwa za kurasa chache tu, zikirejea kesi zilezile tatu au nne za msingi. Asiyeujua mgogoro uliozizaa anaweza kuziona kuwa makaratasi ya kawaida ya mahakama. Lakini nyuma ya kila moja kuna familia iliyoshindwa kupata mkopo, kuna nyumba isiyopata kibali cha ujenzi, na mara nyingine kuna bonde ambalo kweli lilistahili kulindwa.

Kerala ni jimbo jembamba lililobanwa kati ya milima ya Ghats ya Magharibi na Bahari ya Hindi. Upepo wa kusi, ambao kwa karne nyingi umesukuma majahazi kutoka pwani ya Afrika Mashariki kwenda Bara Hindi, huingia huko mwanzoni mwa Juni ukiwa umesheheni mvua. Maji yote hayo yanashuka kutoka milimani kwa kasi na yanahitaji pa kutulia. Kwa vizazi yalitulia kwenye majaruba. Kuttanad, ambako wakulima wanalima mpunga chini ya usawa wa bahari kwa kujenga kingo za udongo, ni mfumo uliotambuliwa na Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa, FAO, mwaka 2013 kuwa urithi wa kilimo wa dunia. Jirani na Kochi kuna mashamba ya pokkali, mpunga unaostahimili maji ya chumvi, ambako baada ya mavuno maji ya bahari huingizwa na shamba likawa la kamba.

Katikati ya miaka ya 1970 Kerala ilikuwa na takriban hekta 880,000 za mpunga. Kufikia mwaka 2008 ilikuwa imebaki kama robo ya eneo hilo. Sababu zilikuwa nyingi na hazikuwa za ajabu. Mpunga haukulipa, vibarua walipanda bei, na minazi, migomba na mpira vilileta fedha zaidi kwa jasho dogo zaidi. Kisha zikaja fedha za Ghuba. Tangu miaka ya 1970 mamilioni ya Wakerala wamekwenda kufanya kazi Muscat, Dubai, Doha na Kuwait, na karibu kila mmoja alirudi na ndoto ya nyumba. Jimbo lina watu wengi na ardhi ndogo, na kwa wengi kiwanja cha bei nafuu kilikuwa kile cha bondeni. Malori ya kifusi yakafanya kazi usiku.

Serikali ilikuwa na silaha moja kongwe, Amri ya Matumizi ya Ardhi ya mwaka 1967, iliyotungwa wakati India ikihangaika na uhaba wa chakula. Iliagiza kwamba ardhi inayolimwa mazao ya chakula isigeuzwe bila kibali cha mkuu wa wilaya. Haikutosha. Mwaka 2008, chini ya Waziri Kiongozi V.S. Achuthanandan, mkomunisti mkongwe aliyewahi kuongoza harakati za kupinga kugeuzwa kwa mashamba ya mpunga, bunge la jimbo likapitisha Sheria ya Uhifadhi wa Mashamba ya Mpunga na Ardhi Oevu. Ilianza kutumika tarehe 12 Agosti 2008. Tarehe hiyo inatajwa karibu katika kila kesi. Swali la kisheria limekuwa hilohilo tangu wakati huo: siku ile, ardhi hii ilikuwa nini?

Ili kulijibu swali hilo kwa jimbo zima, sheria iliagiza kila halmashauri iwe na kamati ya kuandaa kanzidata ya mashamba ya mpunga na ardhi oevu. Mwenyekiti wa kamati ni kiongozi wa baraza la eneo. Pamoja naye wamo ofisa kilimo, ofisa wa kijiji na wawakilishi wa wakulima. Kamati ilipaswa kupita shamba kwa shamba, ikisaidiwa na ramani na picha za setilaiti, na kuandika ukweli.

Wazo lilikuwa zuri, na mwandishi huyu anaona lingali zuri. Kazi yenyewe ndiyo iliyoharibika. Maeneo mengi yalichelewa kwa miaka kutangaza kanzidata zao, na zilipotangazwa zilijaa makosa. Viwanja vyenye minazi iliyopandwa miongo kadhaa nyuma viliorodheshwa kama mashamba ya mpunga. Hata nyumba zilizokaliwa tangu enzi za mababu zilijikuta ndani ya orodha. Mara nyingine ilitosha kwamba daftari la zamani la kodi ya ardhi lilikuwa na neno nilam, linaloandikwa kwa ardhi ya mpunga, badala ya purayidam, linaloandikwa kwa kiwanja kikavu cha makazi na miti. Kamati ililinakili daftari bila kwenda shambani.

Kwa mwananchi, maandishi hayo mawili yana uzito wa ajabu. Mwenye purayidam anapata kibali cha ujenzi, anaweka hati yake benki na kuchukua mkopo, anauza kwa bei inayoeleweka. Mwenye nilam ana ardhi isiyoshikika. Benki inairudisha hati, na mhandisi wa halmashauri anakataa kupokea ramani ya nyumba.

Mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya India, katika kesi iliyotoka Fort Kochi, ilifafanua kwamba hata ardhi ambayo haimo ndani ya kanzidata, lakini imeandikwa nilam kwenye daftari la kodi, bado inabanwa na ile Amri ya mwaka 1967. Serikali ya jimbo ikarekebisha sheria mwaka 2018 na kufungua njia rasmi: mwenye ardhi isiyo ndani ya kanzidata aombe, alipe ada kwa kufuata bei elekezi ya ardhi, na daftari lisahihishwe. Mwanzoni mwa mwaka 2021 wamiliki wa viwanja visivyozidi senti 25 wakasamehewa ada. Senti, katika vipimo vya India, ni sehemu moja ya mia ya ekari, kwa hiyo msamaha uligusa viwanja hadi kama mita za mraba 1,000. Hao ndio watu wa kawaida, na waliitika kwa maelfu.

Safari yenyewe ina vituo vitatu. Kama kiwanja kimo ndani ya kanzidata, mwombaji anaanza na Fomu namba 5 ya kuomba kiondolewe. Akifanikiwa, anaanza upya na Fomu namba 6 ya kuomba kubadili matumizi, au namba 7 kama eneo linazidi senti 50. Akifanikiwa tena, faili linakwenda kwa tahsildar, ofisa wa ardhi wa ngazi ya chini, ili arekebishe daftari la kodi. Katika kila kituo ofisa wa kijiji huombwa ripoti, ofisa kilimo huombwa ripoti, na pengine kituo cha jimbo cha picha za setilaiti huombwa ripoti ambayo mwombaji mwenyewe ndiye anayeilipia. Hadi mwaka 2024 mwenye mamlaka ya mwisho juu ya yote alikuwa ofisa wa serikali anayesimamia tarafa, anayejulikana huko kwa herufi tatu: RDO. Kabla ya mabadiliko ya mwaka huo, jimbo zima la watu zaidi ya milioni 30 lilikuwa na ofisi 27 tu za kushughulikia maombi hayo. Mwanzoni mwa mwaka 2022 maombi yaliyokuwa yakingoja yalizidi 100,000.

Februari mwaka huo mvuvi mmoja wa eneo la North Paravur, katika wilaya ya Ernakulam, alijiua. Alikuwa na kiwanja cha senti nne, kama mita za mraba 160, chenye nyumba yake juu. Alitaka mkopo wa benki. Benki ikaona neno nilam. Kwa zaidi ya mwaka mmoja alizunguka kati ya ofisi ya kijiji na ofisi ya tarafa akitafuta kulibadilisha neno hilo, na aliacha barua inayolaumu utaratibu uliomzungusha. Siku chache baada ya mazishi, mkuu wa wilaya alifika nyumbani kwa familia akiwa na hati zilizorekebishwa. Watumishi kadhaa wa ofisi husika walisimamishwa kazi, na serikali ikaajiri mamia ya makarani wa muda kupunguza rundo la mafaili.

Jambo la kuumiza katika habari hiyo ni zile siku chache. Kumbe kazi iliwezekana. Hakukuwa na sheria ngumu iliyohitaji kutafsiriwa wala kipimo cha kitaalamu kilichokosekana. Faili lilikuwepo na jibu lilikuwepo, na kilichokosekana kwa zaidi ya mwaka ni mtu wa kutia sahihi.

Mahakama Kuu imekuwa ikipokea watu wa namna hiyo tangu kabla ya msiba ule na inaendelea kuwapokea. Mlango wanaoingilia ni Ibara ya 226 ya Katiba ya India, inayoipa kila Mahakama Kuu uwezo wa kutoa amri kwa mamlaka ya umma. Amri ya kumlazimisha ofisa atimize wajibu wake inaitwa mandamus, nayo ni urithi wa sheria ya Kiingereza ambao Mombasa na Dar es Salaam zinao pia. Haimruhusu jaji kukaa kwenye kiti cha ofisa. Jaji akisema ardhi ni kavu, atakuwa amefanya kazi ya mtu mwingine bila kuwa na buti wala ramani. Akisema tu ofisa aamue, basi hata jibu la kukataa linatimiza amri.

Hapo ndipo majaji wa Kochi walipolazimika kufikiri zaidi, na fikra zao zinastahili kusomwa hata na asiyejali habari za Kerala. Walianza kuona kesi zinazorudi. Mtu anapewa amri ya kujibiwa ndani ya miezi kadhaa, ofisa anatii kwa kukataa, na barua ya kukataa haina chochote ndani yake isipokuwa kurudia kwamba ofisa kilimo au kamati imependekeza hivyo. Mwombaji anarudi mahakamani na kesi ya pili. Muda umeheshimiwa, lakini kazi haijafanyika.

Kwa hiyo mahakama ikaanza kuandika maudhui ya wajibu pamoja na tarehe. Mwaka 2020, katika kesi ya chama cha wakazi wa Mather Nagar dhidi ya mkuu wa wilaya ya Ernakulam, ilisema kwamba kiwanja kutolimwa, au kutuama maji wakati wa masika kwa sababu kiko chini, hakukifanyi kuwa shamba la mpunga wala ardhi oevu. Katika hukumu za mwaka 2021 na 2023 ikasisitiza kwamba kinachoamua ni hali ya ardhi, sura yake na kufaa kwake kwa kilimo cha mpunga siku ile ya 12 Agosti 2008. Na katika hukumu nyingine ya mwaka 2023 ikaenda mbali zaidi: ofisa hawezi kukataa kwa kusema tu kwamba kamati imekataa. Yeye ndiye mwenye mamlaka. Ni lazima apime mwenyewe na aandike kama kuondolewa kwa kiwanja hicho kutaathiri kilimo cha mpunga hapo au kwenye mashamba ya jirani, au kutaharibu ardhi oevu ya eneo hilo. Uamuzi usio na maelezo hayo hausimami.

Ukiziunganisha hukumu hizo, unapata amri ya leo yenye sura maalumu. Barua ya kukataa inafutwa. Ofisa anaagizwa kulitazama ombi upya, ama kwa kwenda shambani mwenyewe, ama kwa kuagiza picha za setilaiti kama kanuni zinavyoruhusu, kwa gharama za mwombaji. Akienda mwenyewe ana miezi miwili tangu apelekewe nakala ya hukumu. Akiagiza picha ana miezi mitatu tangu azipokee. Picha hizo zina uwezo ambao ofisa wa kijiji hana. Mtaalamu anaweza kulinganisha ramani ya mwaka 1967, picha ya karibu na mwaka 2008 na picha za miaka iliyofuata, akasema palikuwa na minazi tangu zamani, au palikuwa na majaruba hadi malori ya kifusi yalipofika.

Ndiyo maana si sawa kuziona amri hizi kama fimbo ya kuharakisha tu. Haraka peke yake ingekuwa hatari. Anayelisema hili kwa sauti kubwa zaidi ni bonde lenyewe, na bonde halina wakili. Agosti 2018 Kerala ilikumbwa na mafuriko yaliyoua zaidi ya watu 480 na kuwafukuza mamia kwa maelfu kutoka majumbani mwao. Mvua ilikuwa kubwa kupita kiasi na mabwawa yalifunguliwa, lakini wataalamu wengi wa mazingira walionyesha pia vidole kwenye mabonde yaliyofukiwa, ambayo zamani yangeyapokea maji hayo na kuyatuliza. Hekta moja ya jaruba iliyogeuzwa viwanja hairudi kirahisi.

Hairudi kirahisi, ingawa mara chache imerudi. Aranmula, wilaya ya Pathanamthitta, kampuni binafsi ilipanga kujenga uwanja wa ndege kwenye mashamba ya mpunga. Wananchi, wanamazingira na wanasiasa wa kambi zinazopingana walisimama pamoja. Mei 2014 Baraza la Kijani la Taifa, mahakama ya India inayoshughulikia mazingira, lilifuta kibali cha mazingira cha mradi huo, na mwaka 2016 serikali ya jimbo ikarudisha kilimo cha mpunga katika sehemu ya bonde hilo. Mfano huo unasaidia kutenganisha mambo mawili ambayo katika mjadala wa Kerala huchanganywa mno. Sheria ya mwaka 2008 ilitungwa kwa ajili ya watu kama waliotaka kuijenga Aranmula. Aliyenaswa nayo kwa miaka ni mvuvi mwenye senti nne.

Lipo pia tatizo ambalo mahakama haiwezi kulitatua kwa hukumu za mtu mmoja mmoja. Amri ya kujibu ndani ya miezi miwili inamfaa aliyeipata. Ofisa yuleyule ana mafaili mengine elfu kadhaa mezani, na hakuongezewa mkono wala gari. Akiliinua faili lenye amri ya mahakama, analiacha lililokuwa juu yake. Aliyeomba mapema na kungoja kwa adabu anapitwa na aliyeomba jana akiwa na nauli ya kwenda Kochi na ada ya wakili. Mandamus, dawa ya mnyonge mbele ya dola, inaweza kugeuka kuwa tiketi ya kuruka foleni. Majaji si wa kulaumiwa kwa hilo, maana hawawezi kumfukuza mwombaji aliye mbele yao eti kwa sababu wengine hawakuja. Lakini wingi wa hukumu zinazofanana ni ushahidi dhidi ya serikali. Mahakama inapolazimika kusema jambo lilelile mara mia kadhaa, aliyepaswa kulisikia mara ya kwanza hakusikia.

Serikali ya Kerala, kwa haki, haikukaa kimya kabisa. Mwanzoni mwa mwaka 2024 ilifungua mabaraza ya papo kwa papo, yanayoitwa adalat, ambako waombaji wa viwanja vidogo waliitwa kwa makundi, mafaili yakafunguliwa mbele yao na maamuzi yakatolewa. Mwaka huohuo marekebisho ya sheria, yaliyokuwa yamepitishwa na bunge la jimbo na kungoja sahihi ya gavana kwa miezi, yaliwapa manaibu wakuu wa wilaya mamlaka ambayo awali yalikuwa ya RDO peke yake. Kuanzia Julai 2024 vituo vya uamuzi vikapanda kutoka 27 hadi 71. Hatua hiyo ni ya maana kuliko amri yoyote moja ya mahakama, kwa sababu inamgusa hata asiye na wakili.

Hata hivyo kesi hazikukoma. Hukumu za mwaka 2024 na 2025 zinaendelea kutoka kwa sura ileile, na safari hii ofisa anayetajwa mara nyingi ni naibu mkuu wa wilaya. Maana yake ni kwamba kuongeza meza kumepunguza ukimya kuliko kulivyoongeza macho. Barua zinatoka haraka zaidi, lakini wengi bado wanakataliwa na mtu ambaye hakufika shambani.

Msomaji wa Nairobi au Arusha hatakiona kisa hiki kuwa cha mbali. Ombi la kubadili matumizi ya ardhi kutoka kilimo kwenda makazi, ramani iliyokwama mezani kwa ofisa ardhi, na ile kauli ya njoo wiki ijayo, ni mambo yanayofahamika pande zetu. Zana za kisheria pia ni zilezile, ingawa kila nchi imezinoa kwa namna yake. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, Ibara ya 47, inampa kila mtu haki ya hatua ya kiutawala iliyo ya haraka, yenye ufanisi, halali na ya haki, na sheria ya mwaka 2015 ikaifafanua. Aliyecheleweshwa Kenya ana haki iliyoandikwa ya kushikilia. Tanzania bara, anayetaka mandamus hupitia Mahakama Kuu kwa hatua mbili: kwanza anaomba kibali cha kufungua maombi, na kibali hicho kinapaswa kuombwa ndani ya miezi 6 tangu tendo au kosa analolalamikia. Kwa mtu ambaye kosa analolalamikia ni ukimya, si rahisi kujua saa ya miezi 6 ilianza kugonga lini.

Kenya imekwenda hatua nyingine ambayo Kerala haijathubutu kuichukua. Sheria ya Mipango na Matumizi ya Ardhi ya mwaka 2019 inasema mwombaji wa kibali cha uendelezaji asipopata jibu la maandishi ndani ya siku 60, ichukuliwe kwamba kibali kimetolewa. Ukimya unageuka kuwa ndiyo. Kwa anayejenga ghorofa mahali palipokwisha kupangwa, kifungu hicho ni ukombozi, na ofisa mzembe anajua kwamba uzembe wake una matokeo. Lakini kipeleke kifungu hicho kwenye bonde la Kuttanad, au kwenye vyanzo vya maji popote pale, na ofisa aliyehongwa hatahitaji tena kusaini chochote. Atalifungia faili kabatini kwa miezi miwili, na bonde litakuwa limekwenda bila sahihi ya mtu yeyote wa kuulizwa.

Kwa ardhi ya aina hiyo njia ya Kochi inafaa zaidi, mradi itolewe mahakamani na kuwekwa ndani ya sheria yenyewe. Muda wa miezi miwili ambao majaji wanauandika kwa mwombaji mmoja mmoja uandikwe kwenye kanuni kwa ajili ya wote. Wajibu wa kwenda shambani, au kuagiza picha kwa gharama ya serikali pale mwombaji ni mwenye kiwanja kidogo, uandikwe hivyohivyo, pamoja na sharti la kueleza athari kwa mashamba ya jirani. Wakulima wanaopakana na kiwanja hicho waitwe siku ya ukaguzi, maana wao ndio wanaojua maji yanapita wapi, na katika kesi za Mahakama Kuu wao si upande wa kesi wala hawasikilizwi. Na kila ofisi kati ya zile 71 ibandike ukutani na mtandaoni orodha ya maombi yake kwa tarehe ya kupokelewa, ili mwananchi aone ni nani yuko mbele yake na kwa nini.